Kabla Muamala Haujasoma

Miaka kadhaa iliyopita, saa mbili usiku, nilisimama mbele ya kibanda cha wakala pale Mbagala Rangi Tatu, simu sikioni. Mama yangu alikuwa Songea, kwenye duka la dawa, akisubiri shilingi 45,000 nilizomtumia. Kwangu salio lilishakatwa. Kwake hakuna ujumbe ulioingia. Kila baada ya dakika chache nilimpigia.

"Mama, imesoma?"

"Bado, mwanangu. Na huyu kijana anataka kufunga."

Wakala, mama wa makamo aliyekuwa akihesabu noti za jioni chini ya taa ya simu, aliniona ninavyohangaika. Akanigeuzia daftari lake. Alikuwa amelichora kwa rula: jina, namba, kiasi, saa, na safu ya mwisho, nyembamba, isiyo na kichwa. "Hapa natia tiki ikisoma," akaniambia. "Isiposoma, silali vizuri. Kesho mtu atakuja na hasira zake, na atakuja kwangu, haendi kule kwenye kampuni."

Fedha ile ilisoma baada ya dakika 50. Duka lilikuwa limefungwa, dawa ikanunuliwa asubuhi, na tunashukuru Mungu haikuwa dawa ya kuokoa roho usiku ule. Sikuyasahau maneno ya yule mama. Tangu nianze kuandika habari za teknolojia na biashara nimehudhuria hafla nyingi za kampuni changa, nimesikiliza vijana wakieleza mawazo yao mbele ya wawekezaji, na nimezungumza na wahandisi wa programu wenye vipaji vya kweli. Nimefikia kuamini kwamba ugumu mkubwa wa kazi yao umo katika dakika zile 50. Wazo la biashara hupatikana. Mtaji, kwa tabu, nao hupatikana. Kinachowatenganisha waliofika mbali na walioishia njiani ni namna walivyobeba jukumu la ule muda ambao fedha ya mtu haiko kwake wala kwa mwenzake.

Neno lenyewe, kusoma, halikutungwa na kampuni yoyote. Limezaliwa vibandani, sokoni na kwenye stendi za mabasi: muamala umesoma, haujasoma, umegoma kusoma. Watu wa kawaida walilipa jina tatizo ambalo wataalamu wa kompyuta wamepambana nalo kwa nusu karne.

Ili kulielewa, wafikirie ndugu wawili wenye mashamba ya karafuu, mmoja Unguja na mwingine Pemba, zama za barua kupelekwa na jahazi. Wa Unguja anaandika: tuuze sote Ijumaa, maana akiuza mmoja peke yake tutapata hasara. Jahazi linaondoka. Lakini bahari ni bahari. Barua huenda isifike. Kwa hiyo hawezi kuuza mpaka apate jibu. Wa Pemba anaipata barua na kujibu kwamba amekubali. Sasa yeye naye ana wasiwasi: je, jibu langu limefika? Lisipofika, ndugu yangu hatauza, nami nitabaki peke yangu sokoni. Anahitaji jibu la jibu lake. Na yule wa Unguja akilituma, naye atataka kujua kama limefika. Hata wakiandikiana barua mia, aliyetuma ya mwisho atabaki na shaka.

Mwaka 1975 watafiti watatu, Akkoyunlu, Ekanadham na Huber, walilieleza tatizo hili kitaalamu kwa upande wa kompyuta zinazowasiliana. Miaka mitatu baadaye Jim Gray, mmoja wa mabingwa wa kanzidata duniani, akalisimulia kwa mfano wa majemadari wawili waliopiga kambi juu ya vilima viwili, na kwa mfano huo ndivyo linavyofundishwa vyuoni hadi leo. Limethibitishwa kihisabati: njia ya mawasiliano ikiwa inaweza kupoteza ujumbe, hakuna mpango wowote utakaozipa pande zote mbili uhakika kamili kwa wakati mmoja. Halina dawa. Seva ya kampuni ya simu na kitochi cha mama yangu kule Songea ni ndugu wawili wa karafuu, na kati yao kuna bahari.

Wahandisi wanachoweza kufanya ni kuizunguka bahari hiyo kwa adabu. Kila muamala hupewa namba yake ya kumbukumbu ambayo haitatumika tena kwa muamala mwingine. Ndio ule mchanganyiko wa herufi na tarakimu unaouona kwenye ujumbe wa uthibitisho, ambao wengi wetu tunaufuta bila kuutazama. Mfumo ukituma ombi na usijibiwe, hauna haki ya kudhani kwamba limeshindikana, wala kwamba limefanikiwa. Huuliza tena, kwa namba ileile. Upande wa pili ukiikuta namba umeshaishughulikia, haulipi mara ya pili. Unarudisha jibu lilelile la mwanzo. Kanuni hii ukiisikia inaonekana ndogo. Lakini mhandisi asiyeizingatia, mtandao ukisumbua, ataomba upya kwa namba mpya na mpokeaji atalipwa mara mbili. Au atamrudishia mtumaji fedha yake huku mpokeaji ameshaitoa kwa wakala na kwenda zake. Makosa haya mawili hayaonekani kwenye majaribio ya ofisini ambako intaneti ni nzuri. Huonekana mwisho wa mwezi, mishahara imeingia, watu wote wanatuma kwa pamoja.

Na usiku, wakati sisi tumelala, hufanyika kazi isiyo na sifa hata kidogo: kulinganisha hesabu. Vitabu vya kampuni ya simu vinawekwa kando ya vitabu vya benki, mstari kwa mstari, kutafuta shilingi iliyotoka huku isionekane kule. Hesabu ya pande mbili, ya kila kinachotoka lazima kiingie mahali, ilichapishwa na Luca Pacioli huko Venice mwaka 1494, na kanzidata za leo bado zinaitii. Pwani yetu nayo ina historia yake katika jambo hili. Neno hundi tulilipata kwa wafanyabiashara wa Kihindi waliovuka bahari, waliokuwa wakitumiana karatasi badala ya mikoba ya fedha. Hawala ni ya Kiarabu. Kutuma thamani bila kusafirisha sarafu yenyewe ni maarifa yaliyofika huku mapema, na siku zote yalitegemea uaminifu wa aliyesimama katikati.

Kisa ninachokijua vizuri zaidi cha watu waliojitwika mzigo huu ni cha M-Pesa, huduma ya fedha kwa simu iliyoanzia Kenya, na nasikitika kwamba mara nyingi husimuliwa vibaya, kana kwamba mtu mmoja aliamka asubuhi na wazo na nchi ikabadilika jioni. Haikuwa hivyo.

Mwaka 2002 utafiti uliofanywa Uganda, Botswana na Ghana ulionyesha kwamba watu walikuwa wameshaanza wenyewe kutumia vocha za simu kama fedha. Kijana wa mjini ananunua vocha, anamtumia ndugu kijijini, na huyo anaiuza kwa jirani mwenye shida ya kupiga simu. Hakuna kampuni iliyowafundisha. Kwa hiyo mahitaji yalikuwepo, na hata njia ya kienyeji ilikuwepo. Kilichokosekana ni mtu wa kuibeba kwa uhakika.

Nick Hughes, aliyekuwa Vodafone ya Uingereza, aliomba ruzuku katika mfuko wa idara ya maendeleo ya serikali ya nchi hiyo, DFID. Alipata karibu pauni milioni 1, na Vodafone ikaongeza kiasi kinachokaribia hicho. Lengo lililoandikwa kwenye maombi lilikuwa mikopo midogo: mkopaji apokee mkopo na kurejesha marejesho yake kwa simu badala ya kupoteza nusu siku kwenye mkutano wa kikundi. Programu yenyewe iliandikwa na kampuni ya Sagentia, ya Cambridge. Susie Lonie alitumwa Nairobi mwaka 2005 kwa kazi iliyodhaniwa ni ya miezi michache. Alikaa zaidi ya miaka miwili.

Majaribio yalianza Oktoba 2005, na udogo wake unanivutia mpaka leo. Mawakala 8. Wateja wasiofika 500, wote wa taasisi ya mikopo ya Faulu Kenya, katika maeneo ya Nairobi na Thika. Safaricom, kampuni ya simu iliyoibeba huduma hiyo Kenya, ilikuwa na wateja kwa mamilioni, na ingeweza kuwatangazia wote kwa siku moja. Badala yake watu wale walitaka kwanza kuona, uso kwa uso, mama mwenye mkopo akibonyeza namba ya siri na kukosea.

Walichokiona hakikuwa kwenye maombi ya ruzuku. Mwenye biashara alikuwa akiweka mauzo ya siku kwenye simu jioni, kwa kuwa benki zilikuwa zimefungwa na vibanda vya mawakala bado viko wazi; simu ikawa kasha lake la usiku. Msafiri aliweka fedha mji mmoja na kuzitoa mwingine saa chache baadaye, ili asiibiwe njiani. Mmoja alimlipia mwenzake marejesho ya mkopo kwa malipo ya kazi aliyofanyiwa. Wengine walinunua salio kwa M-Pesa na kulirusha moja kwa moja kwa wazazi kijijini. Wakati huohuo, ile kazi ya mikopo, ambayo ndiyo iliyolipiwa, ilikuwa ngumu kuliko ilivyodhaniwa. Vitabu vya taasisi vilijazwa kwa mkono na kulinganisha hesabu zake na za mfumo kulichosha watu. Tena mkutano wa kikundi, ulioonekana ni usumbufu, ndio uliokuwa ukiwafanya wanachama wadhaminiane.

Wakaiacha mikopo. Naomba msomaji akae na jambo hili kidogo, hasa kama ni kijana mwenye kampuni yake. Umepewa fedha kwa kitu fulani, umekijenga kwa miaka miwili, kinafanya kazi kiasi, ripoti zimeandikwa. Halafu unakubali kwamba kitu cha kando, walichokibuni watumiaji wenyewe, ndicho chenye uhai. Nimewaona wajasiriamali wengi wakishindwa hapo. Wanampenda mtoto waliyemchora wakamkataa aliyezaliwa. M-Pesa ilipokwenda hewani Machi 2007, ujumbe wake ulikuwa mmoja, tuma pesa nyumbani.

Uamuzi mwingine nao unastahili heshima yake. Mwaka huohuo wa 2007 ndio Steve Jobs aliouonyesha ulimwengu simu ya kwanza ya iPhone. Wahandisi wa M-Pesa walielekeza macho upande mwingine, kwa simu ya bei ya chini kuliko zote sokoni. Huduma yote ikawekwa ndani ya kadi ya laini, menyu ikaandikwa kwa Kiingereza na Kiswahili, na maagizo yakasafiri kwa ujumbe mfupi uliofungwa kwa siri. Gharama yake ilikuwa kwamba mteja wa zamani alilazimika kubadili kadi ya laini. Gharama nyingine ni kwamba ujumbe mfupi una tabia ya jahazi: huweza kuchelewa, huweza kusubiri bandarini mpaka simu iwashwe. Waliijua bahari wakaamua kuivuka, kwa sababu ng'ambo ndiko watu waliko.

Kabla mwaka 2007 haujaisha, walioandikishwa walipita milioni 1. Mwanzoni mwa 2008, machafuko yaliyofuata uchaguzi wa Kenya yalipofunga barabara na maduka, watu walitumia M-Pesa kuwafikishia fedha na salio ndugu waliokwama katika mitaa ya Nairobi. Siku hizohizo, kundi dogo la Wakenya na marafiki zao, Ory Okolloh, Juliana Rotich, David Kobia na Erik Hersman, waliunda kwa siku chache Ushahidi, mfumo uliokusanya taarifa za vurugu kwa ujumbe mfupi na kuzionyesha kwenye ramani. Nauweka hapa kwa sababu huwa tunaambiwa kwamba uhandisi mzuri unahitaji utulivu na vifaa vingi. Kenya ya Januari 2008 haikuwa na utulivu wowote.

Kukua nako kulikuja na maswali. Desemba 2008 wizara ya fedha ya Kenya iliagiza M-Pesa ikaguliwe, huku wasiwasi wa mabenki ukisikika waziwazi. Ukaguzi uliona mfumo ni salama, na nguzo ya usalama huo ilikuwa sheria moja rahisi: kwa kila shilingi inayoonekana kwenye simu ya mteja, pawepo shilingi halisi katika akaunti ya amana benki, ambayo kampuni haiwezi kuichezea. Mwaka 2016 wachumi Tavneet Suri na William Jack walichapisha katika jarida la Science makadirio yao kwamba kaya takriban 194,000 za Kenya, sawa na asilimia 2, zilitoka kwenye umaskini kwa sababu ya huduma hii. Wapo wasomi walioipinga hesabu hiyo, na mjadala wao una maana. Mimi ninayeandika nimewaona wanawake wa Kariakoo na Mabibo wakiweka akiba ambayo hakuna mume wala kaka aliyeweza kuifungua, na hilo halihitaji jarida.

Programu ile haikuwa na uchawi ndani yake. Ilipoletwa Tanzania na Vodacom mwaka 2008, baada ya miezi 14 ilikuwa na watumiaji takriban 280,000, wakati Kenya kwa muda kama huo ilikuwa imefikia milioni 2.7. Safaricom ilitawala sehemu kubwa ya soko lake. Huku kwetu wateja waligawanyika kwa kampuni kadhaa. Nchi ni pana, watu wametawanyika, na mawakala walikuwa wachache, kila mmoja mbali na mwenzake. Afrika Kusini hali ilikuwa mbaya zaidi. Huduma ilizinduliwa mwaka 2010, ikafufuliwa 2014, ikafungwa 2016 ikiwa na watumiaji hai wapatao 76,000 tu. Kule wengi walikuwa na akaunti za benki tayari, na kadi zao zilifanya kazi. Shida ya Thika haikuwa shida ya Johannesburg.

Kwa Tanzania kilichobadilisha mambo kwa sehemu kubwa ni vibanda. Nataka nikae hapa, maana hapa ndipo uhandisi na biashara vinapokutana na vumbi.

Wakala ana fedha za aina mbili: noti kwenye droo na floti kwenye simu. Mteja akiweka, noti zinaongezeka na floti inapungua. Mteja akitoa, kinyume chake. Sasa itazame nchi nzima kwa pamoja. Fedha hutoka mjini kwenda kijijini. Kwa hiyo wakala wa Kariakoo asubuhi nzima anapokea noti, na saa saba mchana floti imekata. Droo imejaa lakini hawezi kuhudumia mtu. Wakala wa Namtumbo siku hiyohiyo simu yake imejaa floti na droo imebaki na sarafu. Wote wawili wana mtaji, wote wawili wamefunga kazi. Ili kurekebisha, mmoja lazima apeleke noti benki na mwingine lazima azifuate, huenda makumi ya kilomita kwa bodaboda, na begi la fedha mgongoni. Kwa mteja aliyesimama dirishani, muamala haujasoma mpaka ameshika noti, hata kama seva zote ziko hai.

Hakuna mstari wa msimbo unaoweza kuhamisha noti kutoka Songea mjini kwenda Namtumbo. Makampuni yalilazimika kujenga ngazi ya mawakala wakuu, watu wenye mtaji mkubwa wanaowakopesha wadogo floti na kuwafikishia noti. Ilibidi kamisheni ipangwe ili wakala wa kijijini asikate tamaa, na watu wazunguke kukagua vibanda. Ni kazi ya miguu na jua. Mhandisi niliyezungumza naye aliniambia kwamba mwaka wake wa kwanza kazini alipelekwa kukaa kibandani wiki mbili kabla ya kuruhusiwa kugusa mfumo, na kwamba hakuna darasa lililomfunza zaidi ya hapo. Natamani kila kampuni ifanye hivyo.

Mwaka 2014 Tigo, Airtel na Zantel zilikubaliana wateja wao watumiane fedha moja kwa moja, na Vodacom ikaungana nazo mwaka 2016. Tanzania ilikuwa miongoni mwa nchi za kwanza Afrika kufanya hivyo, nasi tunapaswa kujivunia zaidi ya tunavyofanya. Kwa mteja ni jambo la kubonyeza tu. Kwa wahandisi ni kwamba wale ndugu wawili wa karafuu sasa kila mmoja ana karani wake, daftari lake na mwajiri wake, na shilingi ikipotea katikati ya bahari kila karani ana sababu ya kusema iko kwa mwenzake. Makubaliano ya kibiashara juu ya nani anamlipa mteja wakati makarani wanabishana ni sehemu ya mfumo, sawasawa na seva.

Kuna bahari nyingine isiyotokana na mtandao. Nani nchini hajapokea ujumbe usemao ile hela tuma kwenye namba hii? Matapeli waligundua mapema kwamba mtu aliye na haraka hasomi vizuri. Jibu zuri la uhandisi lilikuwa kuonyesha jina la mpokeaji kabla muamala haujakamilika. Kenya walilipa jina zuri la Hakikisha. Sekunde chache za kusimama na kusoma jina. Wapo waliopinga kwamba hatua hiyo inachelewesha muamala. Inachelewesha, na ni haki ichelewe.

Kijana wetu mmoja ambaye safari yake naifuatilia kwa moyo ni Benjamin Fernandes, Mtanzania aliyesoma Stanford na kuanzisha NALA mwaka 2017. Mwanzo ilikuwa programu ya simu iliyomwezesha Mtanzania kutumia laini zake mbalimbali za fedha mahali pamoja, hata bila intaneti. Mwaka 2019 ilipita katika programu ya kulea kampuni changa ya Y Combinator ya Marekani. Kisha akafanya kama wale wa Nairobi: akaiweka kando akageukia walioko ng'ambo, Uingereza kwanza, wanaotuma fedha nyumbani Afrika Mashariki. Julai 2024 NALA ilipata mtaji wa dola milioni 40.

Fedha hizo ndizo zilizotangazwa zaidi. Kilichonigusa mimi ni jambo lililosemwa kwa sauti ndogo zaidi. Katika kutuma fedha, NALA ilitegemea mabomba ya wengine, na mabomba yalikuwa yakikatika. Mteja wa London analaumu NALA, kama yule mama wa Rangi Tatu alivyolaumiwa kwa kosa la mtandao. Wakaamua kujenga mabomba yao wenyewe, yakaitwa Rafiki, na sasa yanauzwa kama huduma kwa kampuni nyingine. Biashara mpya ilichimbwa palepale palipokuwa pakiuma.

Katika mashindano ya mawazo ya biashara Dar es Salaam, nimekaa kwenye viti vya nyuma nikiwasikiliza vijana. Wana akili, na wanafanya kazi katika mazingira magumu ambayo wenzao wa ng'ambo hawayajui: mtaji wa benki unaodai hati ya nyumba, kodi zinazobadilika katikati ya mwaka, kama tozo za miamala zilizoanza Julai 2021 na kulazimika kupunguzwa Septemba mwaka huohuo. Hayo si makosa yao. Lakini majaji huwauliza soko ni kubwa kiasi gani, faida itaanza lini, mshindani ni nani. Sijasikia jaji akiuliza: fedha ya mteja ikikwama saa mbili usiku, nani katika timu yenu atapokea simu, na ataona nini kwenye kioo chake? Je, umeshawahi kuuzima mtandao makusudi ukaona mfumo wako unafanyaje? Netflix, ambao wao huonyesha filamu tu, waliandika programu ya kuzima seva zao wenyewe bila taarifa, mchana, wahandisi wakiwa kazini, ili udhaifu ujitokeze kabla ya wateja kuuona. Sisi tunaobeba fedha ya dawa tuna sababu kubwa zaidi ya kufanya hivyo.

Vijana wakiulizwa hivyo, najua wataweza kujibu. Kuna wengine tayari wanaishi na maswali hayo, katika vyumba vya usiku vya makampuni, wakifuatilia mstari mmoja uliogoma katikati ya mamilioni. Majina yao hayapo magazetini na hawapandi jukwaani.

Mwezi uliopita nilipita tena Rangi Tatu. Kibanda bado kipo, kimepakwa rangi mpya, na mama yule sasa ana msaidizi na mashine ya benki pembeni. Nilimwamkia, akanikumbuka kwa shida. Nikamwuliza kama bado anatumia daftari, maana simu yenyewe siku hizi inahifadhi kila kitu. Akalitoa chini ya meza: jipya, la kurasa 200, limechorwa kwa rula ileile. Ukurasa wa siku hiyo ulikuwa umejaa tiki hadi mstari wa mwisho. Mstari huo ulikuwa wa kijana aliyesimama kando yangu, simu sikioni, akimwuliza mtu wa mbali kama imesoma.

Mama alikuwa ameishika kalamu, akimtazama usoni, akisubiri.